Filamu Iliyopelekwa Ibra

Barua ya ami yangu ilinifikia kambini kwa mkono wa dereva wa lori la saruji. Aliitoa chini ya kiti chake, imekunjwa mara nne, akasema mzee wa Ibra alimsimamisha barabarani na kumuapisha kwamba ataifikisha. Niliisoma nimesimama mlangoni mwa ghala.

Ami aliandika kwamba amesikia watu waliotoka bara wamekuja kumposa binti wa marehemu ndugu yake, na mimi nimewakaribisha na kuwanywesha kahawa. Halafu akaandika: "Mtu anayeshinda juu ya ubao baharini pamoja na Wazungu, mapaja nje, mpaka anapigwa filamu, huyo hana rushdi ya kumwozesha mtu. Walii wa binti ni mimi. Waambie wasije tena."

Baba akiwa hayupo, anayemwozesha binti ni ndugu yake wa kiume, madhali ni mtu mzima mwenye akili na rushdi, yaani mtu wa kuaminika katika mambo yake. Asipofaa, haki hiyo humwendea ami. Ami hakuniita mwizi wala mlevi. Alishika jambo moja tu, ubao, na hilo moja lilitosha. Akiwa yeye ndiye walii, watu wa bara hawaingii mlangoni, na dada yangu alikuwa amekwisha kuniambia kwamba kijana wao, mwalimu wa Nizwa, ndiye anayemtaka.

Niliikunja barua kama ilivyokuja nikaitia mfukoni. Siku hiyo nilitoa misumari na kamba kwa mafundi, na mara mbili nikatoa vitu visivyotakiwa.

Inafaa niseme jinsi tulivyofika hapo. Tulitoka Unguja kuja Oman mwanzoni mwa miaka ya sabini, baba, mimi na wadogo zangu watatu. Mama tulikuwa tumemzika huko. Baba alizaliwa Unguja lakini ukoo wake ni wa Ibra, na ami, kaka yake, alikuwa amerudi miaka mingi kabla yetu. Nilitiwa darasa la Kiarabu pamoja na watoto walionifika kiunoni. Miezi mitatu nilikaa nimekunja magoti chini ya dawati dogo. Kisha baba akaugua tumbo, akafa, na siku niliyotoka makaburini sikurudi tena shule.

Baada ya siku za tanzia ami alikaa barazani kwake, katika chumba kirefu ambacho kule wanakiita sabla, akatugawa. Dada abaki kwake. Mdogo wa kwanza wa kiume aende kwa jamaa wa Fanja, wa pili kwa jamaa wa Birkat al Mauz, wenye mashamba ya migomba. Mimi nitafutiwe jeshi. Alisema kwa upole na nia yake ilikuwa njema, hilo nilikiri hata siku ile. Lakini niliwatazama wale watatu wamekaa ukutani wameshikana nguo, nikasema, "Ami, hawagawanyiki." Nilikuwa na miaka kumi na minane na sina hata kitanda.

"Utawalisha nini?"

"Nitakachokula mimi."

"Maneno hayo," alisema ami. "Haya, nenda nayo."

Nikaenda nao Sur, kwa kuwa nilisikia kuna kazi ya barabara. Nilipata kazi ya ghala katika kambi ya wajenzi, na vyumba viwili mjini vyenye kisima cha shirika. Miaka sita ami hakuja kutuona wala sisi hatukwenda. Wakati wa Idi nilimpelekea salamu kwa madereva. Naye alituletea tende, bila salamu.

Ubao, wa kupandia mawimbi, niliupata kwa mpimaji wa barabara, Mzungu mrefu asiye na maneno mengi. Ulikuwa umefungwa juu ya gari lake siku aliyofika kambini, na sisi wote tulidhani ni mlango. Ulikuwa mrefu kunipita kwa mkono mzima na mzito kama kitanda, chini una pezi moja kubwa. Wakati wa kusi, upepo wa kusini, alinichukua mara tatu mpaka pwani iliyo upande wa pili wa Ras al Hadd, inayotazama bahari kuu, ambako mawimbi huja marefu na yamepangana. Alinionyesha namna ya kulala kifudifudi na kupiga maji kwa mikono, kungoja, kunyanyuka. Siku ya tatu nilisimama. Sikumbuki nilifanya nini. Nakumbuka ufuko ulikuwa unanijia na mimi sikutia mguu wangu wowote mbele. Wiki iliyofuata alihamishiwa kazi nyingine, akaniachia ubao kwa kuwa haukuingia kwenye ndege ndogo iliyokuja kumchukua.

Kwa hivyo nilibaki na ubao bila mwalimu, nikautunza kama watu wa Sur wanavyotunza chombo. Niliona mafundi wa majahazi wakipaka mbao zao sifa, yale mafuta ya ini la papa, ili maji yasiingie na jua lisipasue. Nami nikanunua debe, nikaupaka wote, juu na chini, matabaka matatu. Nilijiona mtu mwenye busara. Nilipofika baharini ubao haukukalika. Nililala juu yake nikatoka upande wa pili kama samaki anayetoka mkononi. Harufu nayo ilinishika siku tisa. Mdogo wangu wa mwisho alikataa kula sahani moja nami, na mkubwa wa ghala akanihamishia meza nje.

Nilitumia msimu mzima kuuondoa utelezi ule kwa mchanga na majivu. Mwishowe mzee mmoja fundi, aliyekuwa akinicheka tangu mwanzo, aliniuliza ninataka nini hasa, nishike au niteleze. Nikamwambia chini uteleze, juu nishike. Akanipa bonge la nta ya nyuki na kuniambia niiyeyushe pamoja na ubani wa bei rahisi, ule mweusi mweusi. Ikawa kama gundi. Tangu hapo miguu yangu ilishika, na ubao ukanuka kama nyumba iliyofukizwa kwa ajili ya wageni.

Miaka miwili nilipanda mawimbi peke yangu, alasiri za Alhamisi wakati wa kusi, shule zikiwa zimefungwa. Mkubwa wa kambi aliniruhusu gari dogo la ghala kwa sharti nirudi nalo na petroli. Wadogo zangu niliwachukua, kwani ningewaacha na nani? Sheria ilikuwa moja: kitabu kwanza. Wanakaa juu ya mkeka, wanafanya hesabu na Kiarabu, na dada yangu akimaliza kuwasahihisha, ndipo wanaruhusiwa kutia miguu majini, mpaka magotini tu. Mimi niko kwenye mawimbi. Hicho ndicho nilichokuwa nacho, na sikumwomba mtu kingine.

Mpiga filamu alikuja msimu wa tatu. Alifika kambini na gari la kukodi, ndevu zimejaa vumbi, akauliza kwa Kiingereza yuko wapi mtu wa ghala mwenye ubao mrefu. Yule mpimaji ndiye aliyemwambia habari zangu huko walikokutana. Kiingereza changu kilikuwa cha shule ya Unguja na cha kambini, kilitosha.

Aliponiona nikiupakia ubao garini, aliuzunguka mara mbili kama mtu anayenunua ng'ombe. Akasema kwao mbao kama hizo zimeshatupwa. Miaka kumi nyuma vijana walianza kuzikata kwa msumeno na kutengeneza fupi, zinazogeuka haraka, na sasa kila mtu anarukaruka juu ya wimbi kama panzi. Yeye alikuwa anapiga filamu ya watu waliobaki na mbao ndefu. Amewapata wachache, wengi wao wazee wenye vitambi. Nilimwambia mimi sikujua kwamba kuna fupi. Alicheka mpaka akakaa chini.

Alikaa nasi wiki tatu. Nilijifunza kwake zaidi ya nilivyojifunza miaka miwili. Nilikuwa nikitaka kwenda mbele ya ubao nakokota miguu. Yeye alinifundisha kutembea, mguu upite mbele ya mguu, kwa utulivu, toka tezi mpaka omo, yaani nyuma mpaka mbele, na kufika pale mbele kabisa vidole vikiwa ukingoni, kusimama bila kufanya chochote. Hilo la kutofanya chochote ndilo alilolipenda kwangu. "Wewe unasimama kama mtu anayengoja kahawa," aliniambia. "Usiache."

Jioni, kabla ya kurudi, alitueleza jinsi filamu hizi zinavyoonyeshwa kwao. Hazina sauti. Mtu aliyezipiga huzunguka nazo mji hadi mji kwenye gari lake, anatundika shuka katika ukumbi wa shule au ukutani kwa mtu, anawasha mashine, kisha anasimama pembeni na kueleza kwa mdomo wake mwenyewe: huyu ni nani, pale ni wapi, siku hiyo ilikuwaje. Watu wanapiga miguu chini na kumzomea akitia chumvi.

"Na ukisema uongo?" aliuliza mdogo wangu wa kwanza.

"Wanaona wenyewe pale kwenye shuka," alisema.

Wiki ya kwanza nilipanda mawimbi kama nilivyozoea, kikoi nimekipiga ubinda, yaani nimekipitisha katikati ya miguu na kukichomeka nyuma, mapaja yote wazi. Huko ufukweni hapakuwa na mtu. Lakini kamera ilikuwapo, na siku moja likapita lori la mbuzi, dereva akasimama akatazama kwa muda mrefu. Siku ya pili nilisikia mwenyewe nikisemwa sokoni Al Kamil, njiani kwenda Ibra.

Nilimwambia dada yangu. Hakunigombeza. Alinunua kitambaa kizito cha bluu, akakaa na cherehani ya jirani, na kufikia Alhamisi alinipa suruali ndefu ya kufunga kwa kamba, inayobana vifundoni ili maji yasiipandishe. Ilinikaa vizuri sana. Nilipouliza amepata wapi kipimo, alisema, "Wewe vaa." Nikavaa wiki mbili zilizobaki. Mpiga filamu akaondoka, akaahidi kuniletea mkanda, nami nikajua ni ahadi ya msafiri.

Mwaka uliofuata ikaja posa. Dada yangu alikuwa na miaka kumi na tisa, amemaliza shule, na mmoja wa walimu wake alikuwa na kaka yake, mwalimu pia, Nizwa. Watu wa Kigoma kwa asili, Waarabu kama sisi, waliorudi baada yetu. Kijana alikuja na baba yake. Kiswahili chao kilikuwa cha bara, "sawa" na "hakuna shida" kila baada ya neno, na waliposikia "yakhe" walitabasamu. Niliwapenda. Niliwaambia lazima niwaarifu jamaa wa Ibra. Nikawaarifu, na jibu ndilo ile barua.

Baada ya siku chache ukafika mkanda. Ulikuja kwa posta mpaka Maskati na kutoka hapo kambini, gurudumu la chuma ndani ya kopo la bati, na kikaratasi kimoja: "Hiki ni kipande chako. Simama pembeni, uwaeleze." Nililifungua kopo juani, nikanyoosha mkanda kidogo machoni. Niliona vitu vidogo kama punje za mchele, mtu na wimbi. Sikuweza kujua kama nguo aliyovaa mtu yule ni kikoi au suruali. Sur nzima sikumpata mwenye mashine ya kuonyeshea.

Nilipomjulisha ami kwamba nitakwenda kuzungumza naye, alijibu kwa neno moja kupitia dereva yule yule: "Filamu." Yaani niipeleke; alikuwa amesikia kwamba niliahidiwa mkanda.

Tulizungumza nyumbani, sisi wanne, baada ya chakula.

"Ichome," alisema mdogo wangu wa kwanza. "Mwambie imepotea posta. Vitu vingapi vinapotea posta?"

"Halafu aape kwa uongo?" alisema dada yangu. "Mbele ya watu watakaokuwa wakwe zetu?"

"Basi aikate ile sehemu ya mapaja."

"Atajuaje iko wapi? Hata yeye hajaiona." Akanigeukia. "Kaka, unaogopa?"

"Naogopa."

"Mimi pia. Ipeleke tu."

Nilimwandikia mwalimu wa Nizwa, maana shuleni kwake kulikuwa na projekta ya masomo ya sayansi. Nilimweleza mambo yote, pamoja na maneno ya ami kuhusu watu wa bara, ili asije akashtukizwa. Alijibu kwamba ataomba mashine na ataileta Ibra mwenyewe, na kwamba mafuta ya jenereta yako juu yake. Chini ya sahihi yake aliandika, "Hakuna shida."

Tulifika Ibra siku ya Ijumaa baada ya sala. Ami alikuwa amezeeka. Tulimwamkia mmoja mmoja, "Shikamoo, ami," naye akaitikia "Marahaba" mara nne bila kututazama usoni, mpaka alipofika kwa mdogo wangu wa mwisho. Hapo alishika mkono wake muda mrefu kidogo kuliko desturi, kisha akauachia.

Baada ya chakula tulitundika shuka sabla na kufunika madirisha kwa mablanketi. Wanaume walikaa ukutani, kama kumi, wazee wa ukoo na majirani. Wanawake walikuwa chumba cha ndani, mlango umeachwa wazi kwa pazia, na dada yangu yuko huko. Baba wa mwalimu alikaa karibu na mlango wa nje, viatu vyake vikiwa karibu naye.

"Huyu ndiye mpiga sinema?" aliuliza ami, akimtazama mwalimu aliyeinama juu ya mashine. "Watu wa bara mna vipaji. Kwetu hatukumjua mtu aliyeposa kwa jenereta."

Watu walicheka. Mwalimu naye alicheka, akasema, "Mzee, kwetu jenereta ni sehemu ya mahari."

"Washa."

Nilisimama pembeni ya shuka kama nilivyoambiwa. Mashine ikaanza kukwaruza. Ikaja nuru tupu, kisha bahari, kisha mimi.

Ilikuwa wiki ya kwanza. Kikoi, ubinda, mapaja yangu mawili meupe, marefu kama milingoti, na makubwa kuliko nilivyoyajua, ukuta mzima. Nikasikia mtu akitoa sauti puani. Mwalimu alifanya haraka, akaziba kioo cha mashine kwa kiganja chake, na shuka likawa jekundu jekundu, nuru ikipita katika damu ya mkono wake.

Nilijua ananisaidia. Nilijua pia kwamba mkono ule ukikaa pale mpaka sehemu ile ipite, hakuna atakayeweza kuapa aliona nini, na mimi ningeweza kusema lolote.

"Toa mkono, mwalimu," nilisema.

"Una hakika?"

"Toa."

Akautoa. Nikasema kwa sauti ya kusikika mpaka ndani: "Huyu ni mimi. Hii ni wiki ya kwanza. Ami aliandika kwamba nilikuwa mapaja nje na nikapigwa filamu. Aliyoandika ni kweli. Nilidhani hapana watu, na sikufikiri kwamba kamera ni watu."

Mimi yule wa ukutani alipanda wimbi, akasimama, akaanguka vibaya na ubao ukamfuata. Mzee mmoja akasema, "Ya Allah!" na kushika magoti yake mwenyewe.

Niliendelea kueleza, kwa kuwa nilikuwa nimeshaanza. Niliwaeleza upepo wa kusi, jinsi wimbi linavyochaguliwa, kwa nini ninapiga maji hapa na si pale. Kisha picha ikaruka, na nikaonekana katika suruali ya bluu, nimefunikwa toka kiunoni hadi vifundoni, natembea juu ya ubao polepole kwenda omo.

"Hapa ni baada ya watu kunisema," nilisema. "Dada yangu alinishonea nguo."

Nyuma ya pazia ikatoka sauti ya mke wa ami, bibi mnene aliyezaliwa Malindi ya Unguja na asiyejua kunong'ona: "We! Mbona hiyo sirwali ya kike?"

Nikageuka kutazama. Na ilikuwa kweli. Kiuno kipana, pindo la vifundoni lililobana, mkato ule ule wa sirwali ambazo wanawake wa Oman huvaa chini ya kanzu zao. Ilikosa tarizi tu. Dada yangu alikuwa amekata kwa kipimo cha kwake, na mimi niliivaa wiki mbili nzima mbele ya kamera, na mwaka mzima baadaye, bila kujua.

"Ndiyo kipimo nilichokuwa nacho!" alisema dada yangu huko ndani, na wanawake wakaangua kicheko.

Wazee nao wakashindwa. Jirani mmoja alilala ubavuni. Baba wa mwalimu alijifuta macho kwa kilemba. Mimi wa ukutani, katika sirwali ya dada yake, alifika mbele ya ubao na kusimama, hafanyi chochote, anangoja kahawa. Ami hakucheka. Lakini alikuwa ameweka mkono mdomoni.

Kisha picha ikaacha bahari. Hilo sikulitarajia. Mpiga filamu alikuwa amegeuza kamera upande wa nchi kavu, siku ipi sijui, na sasa ukutani walikuwa wadogo zangu. Mkeka. Birika. Vitabu vimewekewa mawe kurasa zisipeperuke. Dada yangu amejifunika, kalamu mkononi, anamwonyesha wa kwanza kosa, na wa mwisho ameinamia daftari lake, ulimi nje kidogo. Nilisema tu, "Hapo ni wadogo zangu wanasoma."

Picha ikarudi baharini. Nimemaliza wimbi, nimekaa juu ya ubao, nimegeukia ufukweni. Mkono wangu umeinuka, na kidole kinakwenda: mmoja, wawili, watatu. Wimbi jingine, na mwisho wake mkono unainuka tena. Mmoja, wawili, watatu. Mpiga filamu aliziunganisha pamoja, sita au saba, moja baada ya nyingine. Sikujua kwamba nafanya hivyo. Hakuwahi kuniambia.

Mkanda ukaisha, ncha yake ikawa inapiga piga gurudumu, shuka likawa jeupe.

"Unarudi nyuma huo?" aliuliza ami.

"Unarudi, mzee," alisema mwalimu.

"Rudisha. Bahari nimeshiba. Rudisha pale kwenye mkeka."

Tuliitazama sehemu ile mara mbili. Mara ya pili ami alisogea mbele mpaka kivuli cha kilemba chake kikaingia kwenye picha. Alikuwa akimtazama yule wa mwisho, aliyetoa ulimi.

"Ndugu yangu alikuwa akiandika hivyo hivyo," alisema. "Mwalimu wa chuo cha Kurani alimpiga kwa sababu ya ulimi ule."

Mablanketi yakaondolewa madirishani, chumba kikajaa mwanga, na watu wakaanza kutafuta fimbo zao. Ami alinyanyua mkono, wakakaa tena.

"Mapaja nimeyaona," alisema, akinielekea. "Mungu anisamehe, nimeyaona makubwa kuliko lazima. Usiyaonyeshe tena kwa mtu."

"Sitayaonyesha, ami."

"Nyuma ya mkono wa huyu wa bara ungeweza kujificha."

"Ningeweza."

"Basi wewe mwozeshe. Mimi nitakaa karibu yako, maana Kiarabu chako ni cha ghalani, na sitaki binti wa ndugu yangu aozeshwe kwa makosa." Akamgeukia baba wa mwalimu. "Na nyinyi, ndugu, sogeeni ndani. Mbona mmekaa na viatu kama mnafukuzwa?"

"Tulisikia tunafukuzwa," alisema yule mzee.

"Hiyo ilikuwa barua," alisema ami. "Karibuni."

Kama walii, ilinibidi nimuulize dada yangu mbele ya mashahidi wawili. Nilikwenda mpaka penye pazia nikasafisha koo. Nilikuwa nimejizoeza maneno ya heshima njia nzima kutoka Sur, na yote yalikuwa yamenitoka.

"Unamridhia mwalimu huyu?" niliuliza.

"Kaka, nimekujibu mara tatu nyumbani."

"Nijibu hapa."

"Namridhia," alisema. Halafu, kwa sauti ya chini lakini si ya chini sana, "Kama na yeye anaziridhia sirwali zangu."

Mwalimu, aliyekuwa akikunja waya wa jenereta, alisema kwamba hakuna shida.